Usinawe Kama Huli

Saa kumi na mbili na dakika ishirini asubuhi, siku ya Jumatatu, simu yangu iliita nikiwa nafunga mlango wa nyumba yetu Nkoaranga kwenda kazini. Alikuwa Bi Zuhura, mteja wetu mwenye tanuri la mikate Sokon One. Hakunisalimia. Mtu wa Tanga yule, aliyelelewa kwamba salamu hutangulia hata kama paa linaungua, siku hiyo aliniambia maneno matano tu: "Mdogo wangu, mlango una kufuli."

Niliiandika saa hiyo kwa kalamu kwenye kiganja, kwa sababu karatasi zilikuwa ndani ya mkoba na njia ya kushuka ina utelezi. Mtanicheka. Chekeni, lakini endeleeni kusoma.

Ninyi mnaoanza kazi ya ukarani kwenye ofisi za mawakili mtaambiwa kwamba kazi yenu ni kupeleka hati, kupiga fotokopi na kuchemsha chai. Mimi nimeifanya kazi hiyo miaka ishirini na nane nikiwa na cheti cha kidato cha nne tu, na nimestaafu kwa hiari nikiwa bado naona bila miwani. Wanaosema hivyo hawajui ni kesi ngapi hufia mezani pa karani kabla wakili hajavaa joho. Hii ninayowaeleza nusura niiue mimi mwenyewe, kwa kufuta neno moja.

Bi Zuhura alikuwa amepanga fremu mbili za biashara kwa Bwana Eliya, mwenye jengo. Mkataba ulikuwa wa miaka mitano, na siku ya kufuli ulikuwa umebakiza miaka mitatu. Kwa ruhusa ya mdomo ya Bwana Eliya alivunja ukuta kati ya fremu hizo, akamleta fundi, akajenga tanuri la matofali ya kuchoma. Tanuri hilo ndilo lilikuwa mali yake yote. Huwezi kulipakia kwenye pikapu ukahama nalo kama kabati; likivunjwa limekwisha. Bwana Eliya sasa alikuwa amepata mpangaji mwingine aliyetaka jengo zima, na akasema tanuri limejengwa bila kibali cha maandishi, kwa hiyo mkataba umekufa. Mafundi wa kulibomoa walikuwa wameitwa waje Alhamisi.

Mkataba huo niliuchapa mimi. Bi Zuhura alikuja na makubaliano yake kwenye karatasi ya daftari, nikafungua mkataba wa zamani wa ofisi, nikabadilisha majina, kodi na tarehe. Kifungu cha kumi na nne cha mkataba wa zamani kilisema: "Mgogoro wowote utapelekwa kwanza kwenye usuluhishi." Mimi napenda sentensi safi. Nikaona neno "kwanza" linaning'inia pale kama kitambaa cha jikoni kilichosahaulika sebuleni. Nikalifuta. Kikabaki: "Mgogoro wowote utapelekwa kwenye usuluhishi." Nikajisifu.

Sasa sikilizeni vizuri, maana hapa ndipo penye shimo. Neno usuluhishi kwa Kiswahili chetu cha ofisini lina watu wawili ndani yake. Mmoja ni mpatanishi: anakaa katikati yenu, anawasikiliza, anawapoza, mkielewana mnashikana mikono, msipoelewana kila mtu anachukua kofia yake. Wa pili ni mwamuzi wa faragha: mnamchagua wenyewe nje ya mahakama, anasikiliza ushahidi, na akisema limesemwa, linawafunga. Kwenye migogoro ya kazi tumezoea kuwatenganisha; kuna usuluhishi, halafu kuna uamuzi. Lakini kwenye mikataba ya pango watu huandika usuluhishi wakaenda zao, na siku ya ugomvi kila mmoja humvuta yule anayemfaa.

Neno "kwanza" lingekuwa shahidi wetu. Kitu kikiwa cha kwanza, maana yake kuna cha pili. Na cha kwanza Bi Zuhura na Bwana Eliya walikuwa wameshakifanya: mwezi mmoja kabla ya kufuli walikaa kwa mwenyekiti wa mtaa, wakanywa chai, hawakuelewana, muhtasari ukaandikwa na wote wawili wakasaini. Lakini neno halikuwepo. Nilikuwa nimelifuta kwa ajili ya usafi.

Nilifika ofisini saa mbili kasoro robo. Wakili Senkondo, mwajiri wangu, alikuwa ameshafika. Nikampa mkataba nikiwa nimeweka kidole juu ya kifungu cha kumi na nne.

"Hili nimelifanya mimi," nikamwambia. Nikamweleza.

Akasoma, akavua miwani. "Mteja anajua?"

"Bado."

"Basi acha. Nitamweleza mimi, wakati wake ukifika."

"Wakati wake ni leo, wakili. Yuko hapo nje kwenye benchi."

"Ndeshi, mimi ndiye wakili hapa."

"Na mimi ndiye niliyefuta."

Nikatoka nikamwambia. Sikuomba ruhusa mara ya pili, na nikiwa na nafasi hiyo tena nitafanya vilevile. Bi Zuhura alikuwa amekaa na unga kwenye mkono wa baibui, ule wa jana yake. Nilimweleza kwa lugha ya kawaida: nimeondoa neno, kwa sababu hiyo upande wa pili wanaweza kusema baraza la ardhi halina mamlaka ya kukusikiliza, na amri yoyote tutakayoipata inaweza kuondolewa.

Akaupangusa ule unga. Kisha akasema, "Mdogo wangu, wewe umefuta neno. Yeye kafunga mlango. Unataka nimkasirikie nani?"

"Mimi kidogo, Bi Zuhura."

"Kidogo basi. Sasa nenda kaandike."

Kabla ya kuandika kuna kazi ya kuchagua mlango, nayo msiifanye kwa mazoea. Baraza la ardhi na nyumba la wilaya lina kikomo chake cha fedha. Mali au madai yakizidi hapo, mnakwenda Mahakama Kuu. Kikomo hicho kisomeni kwenye sheria iliyopo, msikitoe kichwani kwa mtu, hata kama mtu huyo ana digrii mbili ukutani. Kichwa cha mtu hakifanyiwi marekebisho na Bunge. Sisi tulipiga hesabu ya kodi ya miaka mitatu na gharama ya tanuri, tukawa chini kabisa ya kikomo. Tukafungua shauri barazani siku hiyohiyo, pamoja na maombi ya zuio chini ya hati ya dharura, yaani karatasi inayosema jambo hili likingoja foleni litakuwa limekufa. Jumanne mwenyekiti wa baraza akatoa amri ya muda: tanuri lisiguswe. Kuhusu kufungua mlango, akataka kwanza kumsikia Bwana Eliya, akapanga Ijumaa.

Kwa hiyo mafundi wa Alhamisi hawakuja. Lakini amri ya muda ni mwamvuli wa kuazima. Mwenyewe akitokea unarudi mvuani.

Niwarudishe nyuma kidogo, maana bila Mzee Ndosi msingeelewa kilichofuata.

Mzee Ndosi alikuwa karani mkuu nilipoanza, enzi za taipureta na karatasi ya kaboni. Hakuwa na cheti chochote nilichowahi kukiona. Alikuwa na daftari nene la kaunta buku, ambamo kila neno la sheria alilokutana nalo aliliandika kwa maana zake zote, na chini yake kosa lililowahi kufanywa kwa neno hilo. Mimi nikanunua la kwangu. Jumamosi nilikuwa nakaa mbele ya kabati la vitabu la wakili nikisoma sheria moja mpaka mwisho, pamoja na vifungu vya kuchosha, kwa sababu Mzee Ndosi alisema sheria huficha kisu kwenye kifungu cha kuchosha. Wenzangu waliniita mheshimiwa jaji. Sikuacha.

Mwaka wangu wa tatu tulikuwa na mteja mwenye ghala Kikwe, alilompangishia mnunuzi wa mahindi. Mkataba wao ulisema waziwazi kwamba ugomvi uende kwa mwamuzi wa faragha, jina lake likatajwa. Mnunuzi akamshitaki mahakamani. Mteja wetu alitaka mwamuzi wake, kwa hiyo wakili akaniambia niandae maombi ya kuiomba mahakama isimamishe shauri. Maombi yalihitaji kiapo, na mteja alikuwa safarini. Lakini majibu ya madai yalikuwa tayari, yamechapwa, yamesainiwa, mazuri. Mimi, kwa kutaka kuonekana mchapakazi, nikayapeleka majibu yapokelewe yakiwa bado ya moto. Siku mbili baadaye ndipo nikapeleka maombi.

Wakili wa upande wa pili hakusema mengi. Alisimama akasema: hawa wameshajibu. Maombi yakatupwa. Mwamuzi wa faragha tukamkosa, na kesi ikachukua miaka.

Hakuna aliyenifokea, na hilo ndilo lililoniuma. Mchana Mzee Ndosi akanichukua twende tukale. Dada wa mgahawa akaja na jagi na beseni, akanimwagia maji, nikanawa.

"Binti," akasema Mzee Ndosi, yeye mikono yake ikiwa bado mezani. "Umenawa. Huyu dada sasa afanye nini?"

"Alete chakula."

"Ukimwambia hukuja kula?"

"Atanishangaa."

"Atakuambia ulipe maji. Basi ndivyo ulivyofanya mahakamani. Majibu ya madai ni kunawa. Ukishanawa umekaribia, umekubali meza ya mwenye nyumba. Kama una chakula kwenu, sema ukiwa mlangoni, mikono ikiwa mikavu. Usinawe kama huli."

Kisha akanawa, akala kuku wake wote, na bili akaniachia mimi.

Nikaandika kwenye kaunta buku, na chini yake kosa langu, na jina langu kamili. Baadaye nilisoma sheria yenyewe nikakuta Mzee Ndosi hakuongeza chumvi. Mahakama au baraza hupata mamlaka yake kwa sheria. Watu wawili hawawezi kukaa ndani ya fremu, wakasaini karatasi, wakaifuta mahakama ya nchi. Wanachoweza ni kukubaliana kwenda kwa mwamuzi wao, na mmoja akikimbilia mahakamani, mwenzake ana haki ya kuomba shauri lisimame. Lakini aombe kabla ya kujibu madai. Kifungu cha usuluhishi hakiiui kesi. Kinailaza tu, na kinailaza akitokea mtu wa kubembeleza kwa wakati. Mkiambiwa kwa sauti nene kwamba "hapa hamna mamlaka", msikunje faili. Ulizeni: amesema lini?

Turudi kwa Bi Zuhura.

Jumatano, saa nne na dakika ishirini, wakili wa Bwana Eliya alituletea majibu yake ya madai. Najua saa kwa sababu ofisini kwetu hakuna karatasi iliyopita mezani pangu bila saa, tarehe na saini ya aliyeileta. Siku hizi mahakama nyingi zina mfumo wa mtandao unaoandika saa wenyewe, na mnaambiwa daftari la kupokelea hati ni mambo ya kizee. Wekeni daftari. Mtandao ukilala, daftari halilali.

Majibu yalikuwa na kurasa tisa. Yalikana kila kitu, na mwishoni yaliongeza madai kinzani: Bwana Eliya naye aliliomba baraza limwamuru Bi Zuhura amlipe fidia ya ukuta uliovunjwa. Nilipofika hapo nikaweka chini kikombe. Nikasoma tena kurasa zote tisa nikitafuta neno usuluhishi. Halikuwemo.

Ijumaa asubuhi, saa mbili na nusu, nusu saa kabla ya kusikilizwa, ikaja karatasi ya pili: pingamizi la awali. Sasa walikuwa wamekisoma kifungu cha kumi na nne. Baraza halina mamlaka, walisema. Mgogoro lazima uende kwa mwamuzi wa faragha, na kwa kuwa mkataba haukumtaja, mwenye jengo yuko tayari kumpendekeza mtu. Wakaomba shauri lifutwe na zuio liondolewe. Mwenyekiti akasema pingamizi la mamlaka husikilizwa kabla ya lolote lingine, jambo ambalo ni sahihi kabisa, akalipanga Jumanne. Mlango ukabaki na kufuli lake.

Neno langu lilikuwa limeanza kutuma ankara.

Jumanne kwenye korido, wakili wa Bwana Eliya, kijana mwenye suti ya kijivu na viatu vinavyolia, alinikuta nimebeba faili mbili. "Mama fotokopi, shikamoo. Leo mtarudi na tanuri lenu kichwani."

"Marahaba, mwanangu. Tanuri ni matofali mia tisa. Utanisaidia upande mmoja?"

Bi Zuhura, aliyekuwa pembeni, akaongeza bila kumtazama, "Na vumbi lake likunyamazishie hizo kelele za viatu."

Ndani, kijana aliongea vizuri. Nasema kweli, alikuwa na sauti. Alisoma kifungu cha kumi na nne mara tatu: mgogoro wowote utapelekwa kwenye usuluhishi. Wowote, akasema. Utapelekwa, akasema. Wala hapakuandikwa kwanza, wala pengine, wala ikibidi. Kila aliposema "hapakuandikwa kwanza" nilihisi kama mtu ananigonga kwa kidole hapa begani. Bi Zuhura, aliyekaa mbele yangu, hakugeuka hata mara moja.

Wakili Senkondo aliposimama nilimpitishia karatasi mbili na daftari langu likiwa wazi. Alianza na muhtasari wa mwenyekiti wa mtaa, akaeleza kwamba usuluhishi wa wanamkataba ulishafanyika. Kijana akajibu kwamba ule ulikuwa wa chai, huu ni wa sheria, na kwa kuwa neno "kwanza" halipo hatuna pa kushika. Nikaona mwenyekiti wa baraza anaandika. Hilo lilikuwa linatuponyoka.

Basi Senkondo akageuza ukurasa. "Mheshimiwa mwenyekiti, tuseme rafiki yangu yuko sahihi kabisa kuhusu neno hilo. Naomba nimwulize kupitia kwako: majibu yake ya madai aliyaleta lini?"

"Yalikwenda pamoja na pingamizi," kijana akasema.

"Pamoja?"

"Kwa pamoja, mheshimiwa. Kama hawakuyapokea pamoja ni uzembe wa makarani wao."

Mwenyekiti akatazama juu ya miwani. "Hilo daftari ni la nani?"

"La karani wangu, mheshimiwa."

Lilipelekwa mezani. Jumatano, saa nne na dakika ishirini, majibu na madai kinzani, kurasa tisa. Saini ya mleta hati wa ofisi yake. Ijumaa, saa mbili na nusu, pingamizi, kurasa mbili, saini ileile. Mwenyekiti hakuridhika na daftari letu, na alifanya vizuri, kwa sababu daftari la mtu mmoja ni neno la mtu mmoja. Akafungua jalada lake mwenyewe. Mhuri wa baraza kwenye majibu ulikuwa wa Jumatano. Mhuri kwenye pingamizi ulikuwa wa Ijumaa.

"Wakili," akamwambia kijana kwa upole, "Jumatano uliniomba nimwamuru huyu mama akulipe fidia. Ijumaa unaniambia sina mamlaka. Alhamisi kulitokea nini?"

Kijana akatazama viatu vyake. Havikulia.

Uamuzi ulitolewa saa nane mchana siku hiyohiyo. Nauandika kwa kifupi kama nilivyouandika kwenye kaunta buku. Hata kama usuluhishi wa kifungu cha kumi na nne ni ule wa mwamuzi wa faragha, kifungu hakiliondolei baraza mamlaka yake. Humpa mdaiwa haki ya kuomba shauri lisimame, na mdaiwa aliyejibu madai na kudai fidia bila kuomba hivyo ameikubali meza. Pingamizi likatupwa. Mlango ufunguliwe kesho yake asubuhi, na tanuri lisiguswe mpaka shauri liishe.

Tulipotoka Bi Zuhura alinishika mkono. "Ndeshi, mbona hukutaja hayo ya Jumatano mapema? Nimekaa siku nne nikihesabu mikate nisiyooka."

"Nilimwambia wakili. Kwako niliogopa kuahidi."

"Siku nyingine ahidi kidogo."

Shauri lenyewe halikufika mwisho. Mpangaji mpya wa Bwana Eliya alichoka kungoja akapata jengo lingine, na Bwana Eliya akaomba wakae tena kwa mwenyekiti wa mtaa, usuluhishi wa chai. Safari hii walielewana. Tanuri likapata kibali chake cha maandishi, madai ya ukuta yakafutwa, na miaka mitatu Bi Zuhura akaimaliza yote. Mkataba uliofuata niliuchapa mimi kwa ombi lake mwenyewe. Kifungu cha kumi na nne kina mistari saba, mibaya kuisoma: nani atapatanisha, kwa siku ngapi, wakishindwa waende baraza gani. Neno "kwanza" liko pale katikati, linaning'inia.

Mtakutana na watu watakaowaambia karani hafikiri, karani hupeleka. Wapeni chai yao, halafu andikeni saa waliyoinywa. Someni vifungu vya kuchosha. Msifute neno la mkataba mpaka muweze kusema lilikuwa linafanya kazi gani. Na mkikosea, mwambieni mwenye mali kabla hajaambiwa na adui yake.

Tanuri lilipona, na lilimgharimu Bi Zuhura shilingi milioni sita laki nane na hamsini elfu kulijenga. Sifa ya kuiokoa fedha hiyo sijiandikii mimi. Ni ya mhuri wa Jumatano. Yangu ni hii: bila lile pingamizi mlango ungefunguliwa Jumamosi. Jumamosi, Jumapili, Jumatatu, Jumanne. Siku nne, na kwa siku tanuri lile lilikuwa linaingiza laki moja na nusu. Neno "kwanza" lina herufi sita. Hasara: shilingi laki sita.